Supu ya Jumatatu hadi Ijumaa

Jumatatu, 3 Machi

Mvua ya kwanza imenyesha leo alasiri, na leo jioni nimempikia mke wangu kwa mara ya kwanza. Nina miaka sabini na mitatu. Miaka thelathini na minne kati ya hiyo nilikuwa msahihishaji katika kiwanda cha uchapaji, na muda wote huo sikuwasha jiko ila kwa ajili ya chai. Daftari hili si la hiari. Nimeagizwa kuandika kila jioni amekula kiasi gani na amekohoa mara ngapi.

Mke wangu alipatwa na kiharusi mwezi wa Desemba. Mguu umerudi, mkono wa kulia umerudi nusu, maneno yanarudi moja moja. Koo halijarudi. Kitu chepesi, hata maji ya kunywa, humponyoka kikaingia njia ya pumzi, naye hupaliwa. Mtaalamu wa kumeza pale kliniki, mwanamke kijana anayesema polepole kama anayepima dawa, alituchorea njia mbili zilizopakana, ya chakula na ya pumzi, na kijifuniko kati yake ambacho sasa kinachelewa. Chakula kizito hukipa kijifuniko muda wa kufunga, chepesi hakikipi. Kwa hiyo kila anachokula kisagwe, kisiwe na kipande, na kiwe na uzito wa kukaa juu ya uma bila kuchuruzika kati ya meno yake. Kikiingia mapafuni, mapafu yataugua. Na mapafu ya mtu wa umri wake yakiugua, alisema, halafu akanyamaza. Kazini nilizoea kuwamalizia watu sentensi zao. Hiyo sikuimalizia.

Tutarudi kwake tarehe 15 Mei. Akiona kikohozi ni kidogo, mke wangu ataendelea kula kwa mdomo. Akiona kinyume, atatiwa mrija tumboni na chakula kitapitia humo. Njiani kurudi mke wangu alinishika mkono wa shati akasema, "Mrija, hapana." Maneno hayo mawili yalimchukua kutoka kituo cha mafuta hadi kwenye lango letu.

Leo: vijiko kumi na vinane. Amekohoa mara mbili.

Jumanne, 4 Machi

Niandike jinsi supu hii inavyopikwa, nisije nikaikosea. Ni supu ya makaroni ya maziwa, aliyokuwa akiipika yeye siku za kazi, sote tukiwa tumerudi tumechoka: yeye kutoka kwenye mitambo ya simu, mimi kutoka kiwandani. Nusu saa, na ipo mezani. Kitunguu kimoja kilichokatwa kama punje za mchele, karoti moja, siagi vijiko viwili. Kitunguu kikilainika unatia unga wa ngano vijiko vitatu na kukoroga mpaka harufu ya ubichi iondoke. Halafu maziwa, kidogo kidogo, bila kuacha kukoroga. Halafu mchuzi wa kuku, na konzi mbili za makaroni madogo. Zamani yaliiva na kuliwa mazima. Sasa nayachemsha mpaka yanapasuka, nasaga yote kwenye blenda, narudisha jikoni dakika tatu. Mwisho jibini iliyokunwa.

Yeye hukaa kwenye kiti mlangoni mwa jiko na kuninyooshea kidole. Jana nilitia maziwa yote kwa mkupuo. Alifumba macho kama mtu aliyeona gari linagonga ukuta.

Kikohozi mara mbili.

Jumatano, 5 Machi

Mara mbili tena, zote mwishoni mwa bakuli. Mvua imenyesha kutwa.

Ijumaa, 7 Machi

Mara tatu.

Jambo moja halijabadilika katika nyumba hii, nalo linanipa nguvu. Mwaka tuliooana tulikuwa na bakuli moja na kijiko kimoja, cha chuma, chenye shingo iliyopinda kidogo, tukala hivyo mpaka ikawa desturi. Vijiko vingine vilikuja, desturi haikuondoka. Sasa ndicho ninachomlishia. Kila tonge naligusa kwanza kwa ulimi, nihakikishe haliunguzi, kisha nampa. Yeye hungoja nionje. Nikisahau, hafungui mdomo.

Jumamosi, 8 Machi

Jioni za Jumamosi na Jumapili, na asubuhi na mchana siku zote, anayemlisha ni shemeji, mdogo wa kike wa mke wangu. Ni dobi. Tangu Desemba amehamia kwetu pamoja na pasi zake tatu na kamba za kuanikia, na kwa sababu ya mvua sebule yetu imejaa mashati ya watu nisiowajua.

Leo amempondea viazi. Sipendi anavyolisha. Anaweka vijiko vitatu tu kwenye kisahani, vikiisha anaongeza vitatu kwa upawa kutoka sufuriani, na kisahani anakibadilisha kila mara, kwa sababu eti chakula kilichopoa kinamchukiza. Visahani sita kwa mlo mmoja. Nilimwambia analisha kama anayelisha ndege. Alinijibu bila kugeuka kwamba yeye analisha na mimi nasahihisha, na mgonjwa hashibi alama za kalamu nyekundu.

Kikohozi: hakuna. Nimemwandikia haki yake.

Jumanne, 11 Machi

Mara tatu.

Jumatano, 12 Machi

Mara tatu. Ukuta wa jiko umeanza kutoa jasho.

Ijumaa, 14 Machi

Leo nimeona kitu, nami nakiandika kama nilivyokiona.

Niliipima supu kwenye uma ilipotoka jikoni. Ilikaa kama kilima. Nikamlisha vijiko kumi na kimoja. Akaomba kitambaa, kilikuwa chumbani, nikaenda kukitafuta, labda dakika nne. Niliporudi, nikakoroga bakuli, na supu ilikuwa nyepesi. Ilitiririka kutoka kwenye kijiko kama maziwa ya kawaida. Nilipompa tonge la kumi na mbili alipaliwa.

Shemeji alikuwa jikoni akijaza maji kwenye pasi yake ya mvuke. Birika la maji ya moto lilikuwa mkononi mwake. Jumatatu alinambia supu yangu si supu bali ni udongo wa kupigia plasta, na kwamba dada yake hajawahi kuharibu chakula namna hiyo.

Sijasema neno.

Jumatatu, 17 Machi

Sikuondoka mezani hata mara moja. Kikohozi mara mbili, mwishoni. Lakini nilikuwa nimelala nusu saa kabla ya kupakua, na sufuria ilikuwa peke yake.

Jumanne, 18 Machi

Sikulala. Mara tatu. Shemeji alipita nyuma yangu mara mbili na nguo.

Alhamisi, 20 Machi

Nimegundua kwamba sisikii tena mvua. Nasikiliza koo. Hata asipokula kitu, hata akiwa amekaa tu dirishani, nasikiliza koo lake linavyopanda na kushuka, na likichelewa kupanda moyo wangu unasimama pamoja nalo.

Ijumaa, 21 Machi

Naandika kwa sababu agizo ni agizo.

Supu ilikuwa nzuri. Mke wangu alikuwa na siku nzuri pia. Alisema "jibini" na "zaidi," maneno mawili yaliyofuatana kwa maana. Tukafika kijiko cha kumi na tano. Niliona supu bakulini imelegea tena, nikaona, na bado nikampa, kwa sababu alikuwa amefungua mdomo na alikuwa anatabasamu. Kosa hilo ni langu na naliandika kwanza.

Hakukohoa. Hilo ndilo lililonitisha. Alinyamaza, macho yakafunguka, mkono wake mzima ukashika ukingo wa meza. Midomo ikageuka rangi. Nilisimama na kijiko mkononi, nikawa sijui kitu chochote duniani. Shemeji alitoka katikati ya mashati, akamwinamisha mbele, akampiga mgongoni kwa kiganja, mara tano, kwa nguvu ambayo sikujua mwanamke yule anayo. Supu ikatoka. Pumzi ikarudi kwa mlio kama wa mlango mzito.

Baadaye shemeji alifuta meza. Aliangalia bakuli, akalikoroga, akaniangalia mimi.

"Shemeji, unampa maji," alisema.

Nilimwona jinsi alivyolisema, kwa utulivu, na nikafikiri: huyu ananiwahi, anishtaki kabla sijamshtaki.

Jumapili, 23 Machi

Binti yetu amepiga simu. Anafanya kazi ya upimaji wa barabara, mbali, na barabara yenyewe imekatika kwa mafuriko. Shemeji alikuwa amemweleza kila kitu. Alisema, "Baba, labda mrija si mbaya. Labda unaogopa neno tu." Nilimwambia kwamba mama yake aliyasema hayo maneno mawili na mimi niliyasikia. Akauliza kama nakula mimi mwenyewe.

Viazi vya shemeji. Kikohozi: hakuna.

Kwa nini chake kisiwe na kosa, na changu kiwe nalo kila siku? Chake hana haja ya kukitia maji.

Alhamisi, 27 Machi

Nimesema.

Nilirudi kutoka chooni nikamkuta shemeji ameinamia bakuli, na birika liko mezani. Alisema alikuwa anaitazama supu. Nilimwuliza anaitazama kwa birika? Nilimwambia kwamba nimeandika wiki tatu na zaidi katika daftari hili, na kwamba takwimu haziongozwi na upendo wala chuki. Siku anazopika yeye hakuna kikohozi, siku ninazopika mimi kipo, na mtu wa tatu katika nyumba hii ni mgonjwa asiyeweza kuinua birika. Nilimwambia kwamba kiburi cha kutaka chakula chake tu ndicho kionekane chema kitamwua dada yake.

Nilitumia sentensi kamili. Hakuna hata moja iliyokuwa na dosari.

Alikunja mashati, moja moja, makola yakitazama juu. Mke wangu alikuwa akitikisa kichwa na kutafuta neno, na neno halikuja, mate tu ndiyo yaliyokuja. Shemeji alimfuta kidevu, akamwambia kitu sikioni. Kisha akanigeukia.

"Bwana Kalamu Nyekundu," alisema, "siku utakayoona kosa lako mwenyewe, uniite nije kutazama."

Ijumaa, 28 Machi

Sebule ni kubwa kuliko nilivyokumbuka. Shemeji amekwenda na kamba zote.

Kikohozi mara tatu. Nimehesabu mara mbili nikidhani nimekosea.

Jumatatu, 31 Machi

Mara nne. Hakuna birika. Hakuna mtu.

Jumanne, 1 Aprili

Mara nne. Nimeongeza unga kijiko cha nne. Sufuriani supu imesimama kama ukuta, na kwenye bakuli, ikifika nusu, imekuwa maji.

Ijumaa, 4 Aprili

Asubuhi na mchana pia sasa ni mimi. Amekohoa kwa uji, amekohoa kwa viazi. Nimebadilisha maziwa. Nimebadilisha makaroni, muuza duka alinipa ya aina tatu akaniuliza kama nafungua hoteli. Nimechemsha maji kabla ya kuyatumia. Nimesugua sufuria kwa mchanga. Hakuna kilichobadilika. Basi si birika, na kama si birika, ni koo, na kama ni koo, linafunga mlango wake siku baada ya siku mbele ya macho yangu.

Mke wangu ameacha kuniangalia ninapokoroga. Anaangalia kiti alichokuwa akikalia mdogo wake.

Jumatano, 9 Aprili

Homa. Pumzi fupi, inakwaruza. Gari la wagonjwa limechelewa kwa sababu ya maji barabarani.

Alhamisi, 10 Aprili

Mapafu. La kulia, upande wa chini.

Jumatatu, 14 Aprili

Wodini ni vitanda kumi na viwili, dirisha moja halifungi, na ndoo imewekwa chini yake. Naruhusiwa kukaa naye muda wa saa mbili mchana na wa saa mbili jioni. Nakaa kwenye benchi la nje saa zilizobaki. Binti yetu amefika, viatu vimejaa tope hadi juu. Hakusema neno la mrija. Alilala kichwa kikiwa begani mwangu kama alivyokuwa na miaka sita.

Alhamisi, 17 Aprili

Homa imeshuka. Muuguzi wa jioni, mtu mzima mwenye mabega mapana, anamlisha uji mzito katika vikombe vidogo vya plastiki, kila kikombe vijiko vitatu, na kila kikombe na kijiko chake. Vyote vinatupwa. Niliona ni ubadhirifu na nilimwambia. Alisema, "Mzee, mimi nilivikuta hivyo." Mke wangu alikuwa na wiki hajakohoa kwa chakula.

Nilifurahi kama mjinga. Nilidhani koo limepona.

Jumanne, 22 Aprili

Tuko nyumbani. Nimepika supu. Bakuli, kijiko chetu, nimeonja, nimempa. Alifumba macho kwa utamu.

Kikohozi mara tatu.

Jumatano, 23 Aprili

Hospitali hakuna, nyumbani kipo. Kwa mikono ya muuguzi hakuna, kwa mikono ya shemeji hakuna. Nimekaa mezani na daftari hili mbele yangu na nimelisoma tangu mwanzo, kama nilivyokuwa nikisoma kazi za wengine, na kila ukurasa wenye kikohozi una mtu mmoja tu. Mtu huyo anaandika kwa mkono wangu.

Sijui nafanya nini. Najua tu kwamba ninakifanya mimi.

Ijumaa, 25 Aprili

Binti amerudi kazini. Nimemwomba muuguzi mstaafu wa ghorofa ya chini amlishe mchana. Mimi jioni tu, vijiko vinane, naacha kabla ya nusu ya bakuli. Mke wangu amepungua uzito, pete imehamia kidole cha kati.

Jumatatu, 5 Mei

Vijiko vinane. Hakuna kikohozi. Ana njaa, na anajua kwamba naacha makusudi. Leo alisukuma bakuli kwangu akasema, "Unaogopa."

Ni kweli.

Alhamisi, 15 Mei

Nilipeleka supu kliniki ndani ya hotpoti, pamoja na bakuli na kijiko chetu, kwa sababu mtaalamu alitaka kuona mlo mzima. Mvua ilikuwa imekonda. Mke wangu alivaa gauni la kijani, akakaa wima kama mtu anayefanyiwa mtihani. Nilikuwa nimeficha mikono mifukoni.

Mtaalamu alisoma daftari hili lote. Nilitazama ukuta. Alipofika tarehe 27 Machi alisoma polepole zaidi. Kisha alipima supu kwenye uma, akatikisa kichwa kukubali, akasema nimlishe kama ninavyomlisha nyumbani na nisiache kabla ya wakati.

Nikaonja, nikampa. Nikaonja, nikampa. Mtaalamu hakuwa akimtazama mke wangu. Alikuwa akitazama bakuli. Kijiko cha kumi na mbili, mke wangu akakohoa, na mimi nikafikiri: basi, ni mrija.

"Mzee, simama hapo," alisema.

Alichukua vikombe viwili, akapakua supu ileile ya hotpoti katika vyote. Akaniambia nionje kikombe cha kulia kwa kijiko changu, mara tatu, nirudishe na kukoroga, kama ninavyofanya. Cha kushoto nisikiguse. Akatazama saa yake. Tulikaa watatu tukitazama vikombe viwili vya supu ya makaroni. Zilipita dakika kumi. Akainamisha cha kushoto, supu haikutoka. Akainamisha cha kulia.

Ilimwagika kama maziwa.

"Mate," alisema. "Ndiyo yanayoanza kusaga chakula chenye unga tangu mdomoni. Ukiyarudisha bakulini kwa kijiko, yanaisaga supu kabla hajaila. Mate yako, na yake pia. Kijiko kilichoingia kinywani kisirudi bakulini."

Nilisema hatukuambiwa. Nililisema kwa sauti ya kazini.

Alivuta droo, akatoa karatasi ya maelekezo waliyotupatia mwezi wa Februari. Niliikumbuka. Ilikuwa na makosa mengi ya uchapaji, nami niliisahihisha yote kwa kalamu nyekundu na kuwarudishia, bila kubaki na nakala, ili wachape upya kwa usahihi. Aliiweka mezani. Ukurasa wa pili, mstari wa sita: tumia kijiko safi kwa kila tonge. Mwisho wa mstari huo kulikuwa na nukta nyekundu. Niliiweka mimi. Nilikuwa nimeusoma mstari huo hadi mwisho wake, nikaona unachokosa, sikuona unachosema.

Mke wangu alikuwa akitoa sauti. Niligeuka kwa hofu, nikidhani amepaliwa. Alikuwa anacheka.

"Mate yako," alisema, na machozi yakamtoka. "Miaka arobaini na mmoja."

Mtaalamu alisema mrija ungoje. Wiki sita, vijiko safi, kisha atatazama tena.

Ijumaa, 16 Mei

Shemeji anakaa katika chumba kimoja nyuma ya duka la vitambaa. Mlango ulikuwa wazi kwa sababu ya joto la pasi. Alikuwa akinyoosha shati jeupe, na hakuiweka pasi chini.

Nilibaki nimesimama. Nilimwambia nimekuja kuhusu kosa. Aliuliza kama nimeliandika au nitalisema. Nilisema nitalisema.

"Basi sema, na usilipambe."

Nilimwambia kwamba hakutia maji. Ilikuwa ni mimi, kila jioni, kwa ulimi wangu. Nilimwambia juu ya vikombe viwili, na juu ya karatasi na nukta yangu. Nilimwambia kwamba visahani vyake sita ndivyo vilivyokuwa vikimlinda dada yake, na mimi nilimfukuza mwenye visahani, na siku kumi na tatu baadaye mapafu yakaugua.

Alimaliza kola. Akamaliza na mkono mmoja wa shati, akaugeuza, akamaliza wa pili. Nilidhani ataniambia niende.

"Mna vijiko vingapi pale kwenu?" aliuliza.

Nilisema vitano.

"Na anakula matonge mangapi?"

"Kumi na nane."

Alichomoa pasi. Akapiga magoti, akavuta kutoka chini ya kitanda boksi lililofungwa kwa kamba ya kuanikia. Ndani yake, kila kimoja katika karatasi yake, mlikuwa na vijiko dazani moja. Alisema alivinunua kwa ajili ya wageni, na wageni wenyewe ni watu wasiokuja.

"Kumi na mbili na tano, kumi na saba," alisema. "Kimoja utakitafuta mwenyewe, Shemeji. Siwezi kukufanyia kila kitu."

Jumatatu, 19 Mei

Haijanyesha leo. Kamba zimerudi, lakini ziko nje.

Kitunguu kama punje za mchele, karoti, siagi. Mke wangu kwenye kiti chake mlangoni mwa jiko, kidole kimenyooka. Nilitia maziwa kidogo kidogo. Dakika ishirini na saba.

Shemeji alipanga vijiko mezani mstari mmoja, akanyoosha kila kimoja kwa ncha ya kidole kama anayepanga makola. Vilikuwa kumi na saba. Mke wangu alivihesabu kwa macho, akatazama mwisho wa mstari, akasema, "Chetu."

Nilikuwa nimekificha kabatini nyuma ya chupa za mafuta. Sikutaka kukiona. Nilikitoa, nikakiosha kwa maji ya moto, nikakiweka mwisho kabisa. Kumi na nane.

Nilianza. Tonge, kijiko kwenye beseni, kijiko kipya. Sikuonja. Tonge la kwanza alikataa kufungua mdomo, akingoja. Nililigusa ubavuni mwa kijiko kwa mgongo wa kidole, nikamwambia haliunguzi. Alinitazama kwa muda mrefu, kisha akakubali. Tonge la saba. Nilisikiliza koo. Tonge la kumi na mbili, lile la kila siku; nilishika ukingo wa meza, na shemeji, aliyekuwa amesimama nyuma ya kiti, aliweka kiganja chake tayari mgongoni kwa dada yake. Supu bakulini ilikuwa imesimama. Lilishuka. La kumi na tano, ambalo tarehe 21 Machi nililitoa nikiwa naona. Lilishuka. La kumi na saba.

Lililobaki bakulini lilitosha kijiko kimoja. Nilichukua kile chenye shingo iliyopinda, nikakwangua hadi chini, nikampa. Alimeza nusu yake. Koo likapanda, likashuka. Akashika mkono wangu kwa mkono wake ulio mzima, akausukuma pamoja na kijiko, polepole, mpaka midomoni mwangu.

Nilitazama bakuli. Lilikuwa tupu. Hapakuwa na cha kuharibu.

Vijiko kumi na saba na nusu. Kikohozi: hakuna.